Hatimiliki si ngao pale njia ya umma inapozibwa

MIGOGORO mingi ya ardhi nchini Kenya huzuka pale kipande kilichotengewa barabara, uwanja wa wazi au njia ya kuelekea ufuoni kinapogeuzwa kuwa mali ya mtu binafsi. Mwenye ploti huonyesha hatimiliki, nao wananchi hulalamika kuwa njia yao ya miaka mingi imezibwa kwa ukuta.

Hadi mwaka 2012, ugawaji wa ardhi ya serikali ulisimamiwa na Sheria ya Ardhi za Serikali, Sura ya 280. Rais alikuwa na uwezo wa kugawa ardhi ambayo haikuwa imegawiwa mtu wala kutengewa matumizi ya umma, na baadhi ya mamlaka hayo yalitekelezwa na Kamishna wa Ardhi. Kwanza ramani ya mpango wa eneo iliandaliwa na kuidhinishwa. Kisha barua ya ugavi ilitolewa, mgawiwa akaikubali na kulipa ada, ardhi ikapimwa, ndipo hatimiliki ikasajiliwa.

Utaratibu huo ulikiukwa mara nyingi. Tume ya wakili Paul Ndung'u, iliyoteuliwa na Rais Mwai Kibaki mwaka 2003, ilikadiria katika ripoti yake ya 2004 kwamba takriban hatimiliki 200,000 zilitolewa kinyume cha sheria. Akiba za barabara, misitu na hata makaburi havikusazwa.

Katiba ya 2010 ilibadilisha msimamo. Kifungu cha 40 hulinda haki ya kumiliki mali, lakini ibara yake ya 6 huondoa ulinzi huo kwa mali iliyobainika kupatikana kwa njia haramu. Nayo Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, katika kifungu cha 26, huruhusu hatimiliki kupingwa ikiwa ilipatikana kwa ulaghai, kwa ufisadi au bila kufuata utaratibu.

Kesi iliyotoa mwongozo ni ya kampuni ya Dina Management dhidi ya Serikali ya Kaunti ya Mombasa. Mwaka 2017, kaunti ilibomoa ukuta wa ploti iliyoko Nyali ili kufungua njia ya umma ya kufika ufuoni. Ploti hiyo ilikuwa imegawiwa Rais wa zamani Daniel arap Moi mwaka 1989, kisha ikauzwa hadi ikafikia kampuni hiyo, iliyojitetea kuwa iliinunua kwa nia njema.

Mnamo Aprili 2023, Mahakama ya Juu iliitupilia mbali rufaa ya kampuni hiyo. Ilisema ardhi hiyo ilikuwa uwanja wa wazi uliotengewa umma, na kwa kuwa mgawiwa wa kwanza hakupata haki halali, waliomfuata hawangeweza kurithi haki ambayo haikuwepo.

Miezi mitano baadaye, katika kesi ya kampuni ya Torino Enterprises dhidi ya Mwanasheria Mkuu, mahakama hiyo ilishikilia kuwa barua ya ugavi pekee haimpi mtu umiliki wa ardhi.

Njia za kupitia katika mashamba ya watu binafsi zina kanuni zake. Mwenye shamba lililozingirwa pande zote anaweza, chini ya kifungu cha 140 cha Sheria ya Ardhi ya 2012, kuomba amri ya mahakama ili apewe njia. Vilevile, aliyepita mahali waziwazi, kwa amani na bila kukatizwa kwa miaka 20 anaweza kudai haki ya njia hiyo. Baadhi ya haki za njia humfunga mmiliki hata kama hazikuandikwa katika sajili.

Kwa hivyo, mnunuzi hafai kutosheka na upekuzi wa jina la mmiliki wa sasa katika masjala ya ardhi. Ni muhimu achunguze jinsi ardhi ilivyogawiwa hapo awali, alinganishe ramani ya mpango na ile ya upimaji, na afike mwenyewe kuona kama kuna njia inayotumiwa na watu. Asiyefanya hivyo huenda akatambua kwamba majuto ni mjukuu, wakati tingatinga limeshafika langoni.