Upambanuzi wa picha

Katika filamu ya Kikorea ya mwaka 2009 ambayo nje ya nchi yake inaitwa Castaway on the Moon, mwanamume aliyelemewa na madeni anajitupa kutoka darajani jijini Seoul. Hafi. Mto Han unamtema Bamseom, kisiwa kisicho na watu katikati ya jiji, naye kuogelea hajui. Mkazi wa Mwanza haelezwi sana hali hiyo. Sisi tunacho kisiwa cha Saanane, hifadhi ya taifa ambayo ukiwa ndani yake unaiona Capri Point na majengo ya mjini ng'ambo ya maji machache. Ng'ambo ya Mto Han yupo msichana aliyejifungia chumbani, hatoki, kazi yake kupiga picha za mwezi kwa kamera yenye lenzi ndefu. Siku moja lenzi hiyo inaangukia kisiwani na kumkuta mtu. Mapenzi yao yanaanzia hapo, na mwongozaji Lee Hae-jun anawaacha wakiwa mbalimbali karibu filamu nzima.

Niliitazama kwenye simu, faili la 240 nililorushiwa na rafiki. Yule mwanamume ameandika mchangani kwa herufi kubwa za Kiingereza, HELP. Baadaye neno linakuwa HELLO. Herufi tatu za mwanzo ni zilezile. Mtu aliyekuwa akiomba kuokolewa sasa anasalimia, na badiliko lote hilo limebebwa na herufi za mwisho. Kwa mbali, kama yanavyoonekana kutoka dirishani kwa msichana, maandishi hayo kwenye faili langu yalikuwa doa tu juu ya mchanga.

Kilichopungua hapo ndicho Waingereza wanachokiita 'resolution'. Tafsiri za mashine hukigeuza kuwa azimio, neno linalolifaa Azimio la Arusha la mwaka 1967 lakini si skrini. Mtaani tunasema ubora. Ni neno jema, ila limebeba mengi mno, kwa kuwa rangi ni ubora, sauti ni ubora, hata uigizaji ni ubora. Wapo pia wanaotumia msongo, kwa hoja ya kusongamana kwa vitone.

Hoja hiyo ina uzito, na ndiyo inayonionyesha mahali neno hilo linapokomea. Picha ya dijitali ni vitone vya mraba, yaani pikseli, vilivyopangwa safu juu ya safu. Namba 240 ni idadi ya safu kutoka juu hadi chini. Katika umbo la skrini pana kila safu ina pikseli 426, jumla 102,240. Picha ya 1080 ina safu 1,080 za pikseli 1,920, zaidi ya milioni mbili, karibu mara 20 ya ile. Sasa litoe faili la 240 kwenye simu, uliweke kwenye runinga ya inchi 43 ya kibanda umiza. Pikseli zimebaki zilezile, lakini zimetawanyika. Msongo umeshuka na faili halijaguswa. Kwa hiyo msongo uwe jina la idadi ya pikseli kwa kila inchi, na kile kilichomo ndani ya faili kipate jina lake.

Mimi nasema kiitwe upambanuzi. Kupambanua ni kukitofautisha kitu na jirani yake, na katika elimu ya lenzi maana ni hiyohiyo: uwezo wa kuonyesha kwamba vitu viwili vilivyokaribiana ni viwili kweli. Lenzi ya yule msichana inapambanua. Faili langu lilishindwa kuipambanua P na LO. Njia hii tumeshaipita. Kutokana na kung'amua tulipata king'amuzi, na mitambo ya analojia ya runinga ilipozimwa Mwanza mwaka 2013 hakuna aliyehitaji kufundishwa neno hilo.

Lakini upambanuzi peke yake hausemi yote, kwa sababu video pia hubanwa. Programu ya kubana huigawa picha katika miraba, huhifadhi picha kamili mojamoja, na kwa zilizo katikati huandika tu kilichobadilika. Kitu kilichotulia hakigharimu karibu chochote. Maji yanagharimu sana. Rekodi Jiwe la Bismarck, mwamba wa ziwani hapa Mwanza, siku ya upepo, kisha itume video kwa WhatsApp, ambayo hubana tena: jiwe linabaki na nyufa zake, mawimbi yanageuka miraba ya kijivu inayorukaruka. Jiwe ni lilelile katika kila picha, wimbi ni jipya kila mara. Miraba hiyo si chenga. Chenga zilikuwa za antena, mawimbi ya matangazo yalipokuwa hafifu. Hii ni kazi ya kubana kupita kiasi, na inaweza kuifanya video ya 720 iwe mbaya kuliko ya 360 iliyobanwa kwa kiasi.

Hesabu ya kubana ni nyepesi. Filamu hii ina dakika 116, yaani sekunde 6,960. Ikibanwa kwa kilobiti 300 kwa sekunde inakuwa megabaiti 261. Kwa kilobiti 4,000 inakaribia gigabaiti 3.5. Mwenye bando la kuhesabu atachukua ya kwanza, na ana haki.

Huyo ana nafuu moja ambayo wengi hawaiombi. Manukuu yakichomwa ndani ya picha hubanwa pamoja nayo, na herufi yenye safu kumi tu za pikseli inaumiza macho. Yakija katika faili la pembeni, simu yenyewe ndiyo inayoyachora, kwa upambanuzi wote wa skrini yake, hata kama picha ni ya 240. Faili hilo ni maandishi matupu, halifiki megabaiti moja. Liombe pamoja na muvi, uliweke folda moja nayo, kwa jina lilelile.