Kazi za Kompyuta Zilivyofika Kwetu, na Kwa Nini Zinaondoka

  

Safari hii tumechagua historia ambayo bado ina moto: historia ya kazi za kompyuta zinazotoka nchi tajiri na kuletwa Afrika Mashariki zifanywe na vijana wa hapa. Sababu yetu ni rahisi. Kila linapokuja tangazo la mafunzo ya kuandika programu, ahadi huwa ileile: kijana mkimbizi atakaa hapahapa Kimaka na laptopu yake, atafanya kazi ya kampuni ya Ulaya, atalipwa kwa dola. Watu wanaacha vibarua vyao sokoni ili wakae darasani miezi sita. Basi ni haki yetu kuuliza, waliopita njia hii kabla yetu walifika wapi?

Tuanze na maana yenyewe. Kampuni ina kazi, lakini wafanyakazi wa nchini kwake ni wa bei ya juu. Inaikabidhi kazi hiyo kwa kampuni ya nchi nyingine ambako mshahara ni mdogo. Wahindi ndio waliofungua njia hii kwa upande wa programu. Tata Consultancy Services ilianza mwaka 1968, na Infosys ikaanza mwaka 1981 na watu saba tu. Mwanzoni watu wenyewe ndio waliosafiri: injinia alipanda ndege, akaenda kufanya kazi ofisini kwa mteja Marekani, akarudi. Kisha mwaka 1985 kampuni ya Texas Instruments ikafungua ofisi Bangalore, ikaiunganisha kwa setilaiti. Tangu hapo mtu akabaki nyumbani, kazi ikasafiri yenyewe.

Kwetu sisi hilo si jambo dogo. Sisi tunajua mpaka ni kitu gani. Kumbe kazi inaweza kuvuka mpaka ambao mwenye kuifanya hawezi kuuvuka, bila viza na bila foleni ya ubalozi.

Baadaye kampuni nyingi zikachoshwa na tofauti ya saa. Ukimwandikia mtu asubuhi, kwake ni usiku, jibu linakuja kesho. Ndipo wakaanza kutafuta nchi za karibu. Wamarekani wakaenda Meksiko, Wajerumani wakaenda Poland, Romania na Ukraine. Sasa angalia saa yako. Uganda na Kenya ziko saa moja mbele ya Ujerumani wakati wa kiangazi chao, na saa mbili wakati wa baridi. Kwa kilomita tuko mbali sana na Ulaya, lakini kwa saa sisi ni majirani. Hiyo ndiyo hoja ambayo kampuni za hapa hutumia hadi leo zinapotafuta wateja kule.

Ila kwa miaka mingi hoja hiyo haikuwa na faida, maana hapakuwa na waya. Intaneti yetu ilipitia setilaiti, ilikuwa ghali na ya polepole. Mambo yaligeuka mwaka 2009, kebo za SEACOM na TEAMS zilipofika pwani yetu chini ya bahari, na mwaka 2010 ikafuata EASSy. Kutoka Mombasa mawasiliano yakapanda Nairobi na kuvuka kuja Uganda. Jinja iliingizwa kwenye awamu ya kwanza ya mkongo wa taifa wa Uganda, pamoja na Kampala, Entebbe, Mukono na Bombo. Mbale, Tororo, Busia na Malaba zikafuata awamu ya pili.

Na hapa kuna jambo ambalo wengi hawalijui: wakimbizi hawakuchelewa kwenye historia hii. Mwaka huohuo wa 2009, shirika la Samasource, lililoanzishwa Marekani mwaka 2008 na Leila Janah, lilishirikiana na CARE kuleta kazi ndogondogo za kompyuta kwenye kambi ya Dadaab, Kenya. Kwa hiyo mtu akikuambia kwamba wazo la mkimbizi kufanya kazi ya mtandaoni ni jipya kabisa, mwambie taratibu kwamba lina umri wa kijana aliyemaliza shule ya msingi zamani. Samasource baadaye ikaitwa Sama, ikawa na vituo Nairobi na Gulu.

Jina lililovuma zaidi kwa kazi ya programu zenyewe ni Andela. Ilianza Lagos mwaka 2014, ikaingia Nairobi, kisha Kampala. Mpango wake ulikuwa wa kuvutia kweli: inachagua vijana wenye akili hata kama hawana uzoefu, inawafundisha huku inawalipa, kisha inawaunganisha na kampuni za Marekani wafanye kazi wakiwa hapahapa. Mwaka 2016 mfuko wa Mark Zuckerberg na mkewe Priscilla Chan uliongoza uwekezaji wa dola milioni 24. Januari 2019 Andela ikapata dola nyingine milioni 100. Vijana wa Kampala waliona mlango umefunguka.

Septemba mwaka huohuo, Andela ikatangaza kuwaachisha kazi watu karibu 250 wa Nigeria na Uganda, na ikasema wengine hadi 170 wa Kenya wangeweza kuguswa. Maelezo yake ni kwamba wateja walitaka mainjinia wenye uzoefu, na wale wanaoanza walikuwa wengi kuliko kazi zilizokuwepo. Miezi minane baada ya dola milioni 100! Hatusemi kwamba waliofundishwa walipoteza kila kitu. Ujuzi walibaki nao, na ujuzi huo unauzika kwingine. Lakini tuone vizuri uamuzi ulifanyika wapi. Haukufanyika Kampala.

Kisa cha Nairobi kina uchungu zaidi. Mwaka 2019 Sama ilianza kufanya kazi ya kusafisha Facebook: vijana wanakaa mbele ya skrini kutazama video za mauaji na ukatili ili sisi wengine tusizione. Waliajiriwa watu kutoka nchi mbalimbali za Afrika kwa sababu ya lugha zao. Februari 2022 gazeti la Time la Marekani liliandika kwamba baadhi yao walibaki na kama dola 1.50 kwa saa. Mei mwaka huo mmoja wao, Daniel Motaung wa Afrika Kusini, akafungua kesi Nairobi. Januari 2023 Time ikaeleza tena kwamba wafanyakazi wa Sama waliosaidia kuandaa data ya kampuni ya OpenAI, yenye ChatGPT, walipata kati ya dola 1.32 na 2 kwa saa. Mwezi huohuo Sama ikatangaza kuacha kazi ya kuchuja maudhui, na watu kama 260 wakakosa ajira.

Lakini hawakunyamaza. Tarehe 1 Mei 2023 zaidi ya wafanyakazi 150 walikutana Nairobi wakapiga kura kuunda chama chao. Septemba 2024 Mahakama ya Rufaa ya Kenya ikaamua kwamba Meta, kampuni yenye Facebook, inaweza kushtakiwa Kenya hata kama makao yake ni Marekani. Hilo ni fundisho kubwa. Kazi ilivuka mpaka, na safari hii sheria nayo ikaufuata mnyororo hadi kwa mwenye kazi.

Wazee wa Jinja wanaielewa hadithi hii bila kugusa kompyuta. Mwaka 1912 reli ya Busoga ilijengwa kutoka Jinja hadi Namasagali, na pamba ilikuwa sababu kubwa. Pamba ilikwenda nje ikiwa ghafi, ikarudi kitambaa, ikauzwa kwa bei nyingine. Mwaka 1954 bwawa la Owen Falls likazinduliwa, umeme ukapatikana, na kiwanda cha Nytil kikasokota na kufuma hapahapa. Jinja ikawa mji wa viwanda. Kisha mwaka 1972 Idi Amin akawafukuza Waasia, wengi wao wenye viwanda na biashara, na mji ukadorora kwa miaka mingi.

Sasa linganisha. Kuchuja picha na kuweka alama kwenye data ni kama kuuza pamba ghafi. Kuandika programu ya mteja ni kama kufuma kitambaa: malipo ni mazuri zaidi, ila duka si lako. Kumiliki programu yenyewe ndiyo kuwa na duka. Ukianza na pamba hakuna aibu, hata sisi tumeanza hapo. Aibu ni mtu kukuuzia ndoto ya duka wakati anakupeleka shambani.

Je, kuna mfano ambapo kitu kilibaki? Upo, na uko karibu. Kuanzia mwaka 2004, madaktari na wataalamu wa Indiana, Marekani, waliokuwa wakishirikiana na Chuo Kikuu cha Moi kule Eldoret, walianza kutengeneza OpenMRS, programu ya kutunza kumbukumbu za wagonjwa. Waliifanya huria, yaani yeyote anaweza kuichukua, kuibadilisha na kuitumia bila kulipa. Mfumo wa UgandaEMR, unaotumika kwenye vituo vya afya hapa Uganda, umejengwa juu yake. Mfadhili mmoja akiondoka, programu haiondoki naye. Na fundi aliyejifunza kuirekebisha hapa anahitajika hapahapa.

Kutokana na yote haya sisi tunaona jambo moja. Kazi iliyokuja kwa sababu wewe ni wa bei rahisi itaondoka siku atakapopatikana wa bei rahisi zaidi, au mashine. Unachobaki nacho ni ujuzi unaotambulika, mkataba unaoweza kuupeleka mahakamani, na kazi unayoweza kumwonyesha mteja mwingine. Mengine yote ni ya mwenye kazi.

Kwa sisi wakimbizi kuna mzigo wa ziada. Tuwe wakweli, Uganda ina sheria nzuri: Sheria ya Wakimbizi ya mwaka 2006 inatupa nafasi ya kufanya kazi. Mwaka 2019 tume ya mawasiliano ilikubali tusajili laini za simu kwa kitambulisho cha mkimbizi au barua ya utambulisho. Kabla ya hapo wengi walitumia laini ya jirani, na bila laini yako huna hata akaunti ya kupokea pesa. Lakini mtandaoni mambo ni mengine. Baadhi yetu tulifanya kazi kwenye tovuti moja ya kimataifa, tukamaliza, kisha malipo yakazuiwa kwa sababu kitambulisho cha mkimbizi hakimo kwenye orodha yao ya nyaraka. Kazi ilipokelewa, mfanyakazi hakutambuliwa. Na Januari 2021, wakati wa uchaguzi, intaneti ilizimwa nchi nzima kwa siku kama tano. Mteja wa Ulaya hasubiri siku tano.

Kwa hiyo, wenzetu, kabla hujajiandikisha kwenye mafunzo yoyote, uliza haya. Ni nani hasa atanipa kazi baada ya darasa, na je, ana mteja sasa hivi au bado anamtafuta? Nitalipwa kupitia njia gani, na njia hiyo inakubali kitambulisho changu? Je, kazi niliyoifanya nitaruhusiwa kuionyesha kwingine? Wakikosa jibu la swali la pili, usiache kibarua chako bado. Jifunze jioni.

Na nyinyi ndugu zetu wa mashirika, tunaheshimu kazi yenu. Ila kuhesabu waliopata vyeti hakutoshi. Tuhesabieni waliolipwa, na waliokuwa bado wanalipwa mwaka mmoja baadaye. Ongeeni na kampuni za malipo kuhusu nyaraka zetu, maana sisi wakiwa mmoja mmoja hawatusikii. Na kabla ya kututafutia mteja Berlin, angalieni kliniki, shule na SACCO za Jinja na Mbale zinazoandika bado kwenye madaftari. Huyo naye ni mteja, yuko umbali wa boda, na intaneti ikizimwa unaweza kumfuata kwa miguu.

Kama umewahi kupita kwenye moja ya kazi hizi, ya Gulu, Nairobi, Kampala au kambini, tuandikie ilikuwaje. Tunakusanya, kwa sababu historia hii ikiachwa kwa wenye kampuni peke yao, itaandikwa bila sisi.