Sinema bubu za enzi ya reli: Ya kweli na ya bandia

KITUO cha reli cha Sultan Hamud, katika Kaunti ya Makueni, kilipewa jina la Sultani Hamud bin Mohammed wa Zanzibar, aliyezuru mahali hapo wakati reli ya kutoka Mombasa ilipokuwa ikijengwa. Mnamo Aprili 1909 Theodore Roosevelt, aliyeondoka madarakani nchini Marekani mwezi uliotangulia, alipita kwenye njia hiyo ya reli akielekea uwanda wa Kapiti kuwinda.

Safari yake ilizaa sinema mbili bubu. Ya bandia ilitangulia. William Selig alinunua simba mzee, akamtafuta mwigizaji anayefanana na Roosevelt, akapiga picha zote mjini Chicago. Sinema yake ilitoka Mei 1909 na kujaza kumbi. Cherry Kearton, Mwingereza aliyekuja Kenya na kamera yake, alimnasa Roosevelt mwenyewe pamoja na ngoma za wenyeji. Kazi yake ilipoonyeshwa mwaka 1910, watazamaji waliona imepooza.

Ajabu ni kwamba huko Uingereza, enzi hiyo hiyo ya Mfalme Edward wa Saba (1901-1910), maisha ya kawaida ndiyo yaliyouza tiketi. Sagar Mitchell na James Kenyon, wa mji wa Blackburn, walisimamisha kamera penye malango ya viwanda na kando ya barabara za tramu. Wafanyakazi walionaswa mchana waliweza kulipa kiingilio jioni ili wajione wenyewe kwenye maonyesho. Kwa hiyo kila uso ulioingia kwenye picha ulikuwa mteja, na mpiga picha alitaka nyuso nyingi iwezekanavyo. Watoto hukimbia mbele ya kamera na kuikodolea macho, jambo ambalo mwigizaji wa Selig hangethubutu kulifanya.

Mikanda hiyo ilisahauliwa hadi mwaka 1994, ilipopatikana ndani ya mapipa katika jengo la duka mjini Blackburn. Ilikuwa 826, na Taasisi ya Filamu ya Uingereza ikaikarabati.

Wacheza ngoma wa Kearton hawakuwa wateja wake. Sura zao ziliuzwa ng'ambo. Anayetaka kuona vibarua walioijenga reli yetu hana budi kutazama zaidi picha za mnato, hasa za William D. Young, mpiga picha wa Reli ya Uganda.