filamu ya watu wazima

Nomino, ngeli ya i-/zi-. Wingi: filamu za watu wazima.

Maana. Filamu inayoonyesha ngono waziwazi, iliyokusudiwa watazamaji waliotimiza umri wa utu uzima.

Matumizi. Kirai hiki ni tasfida. Kikikosa muktadha huweza kupotosha, kwa kuwa katika *elimu ya watu wazima* maneno yaleyale hayana dokezo lolote la ngono. Maandishi ya kisheria na ya kitaaluma hutumia *ponografia*. *Picha chafu* hubeba hukumu ya msemaji. Hufaa tu pale ambapo matini chanzi nayo inahukumu.

Filamu huru ya watu wazima. Ni ile iliyotengenezwa nje ya kampuni kubwa, aghalabu waigizaji wenyewe wakishika mtaji, hadithi na uongozaji. *Huru* hapa huhusu mamlaka ya kuamua. Haina maana ya *bure* wala ya *kukosa maadili*. Penye shaka, *filamu inayojitegemea* huondoa utata.

Mfano unaojulikana ni wa Mmarekani Candida Royalle (1950–2015). Baada ya kuigiza katika filamu za aina hii tangu miaka ya 1970, mwaka 1984 alianzisha Femme Productions, akatengeneza filamu zilizotanguliza hisia na matamanio ya mwanamke. Anayemtaja kwa Kiswahili hana budi kuandika *mwigizaji*, kisha *mtayarishaji* na *mwongozaji*. Kumwita *mcheza picha za ngono* na kuishia hapo ni kufuta nusu ya pili ya kazi yake, nayo ndiyo iliyomtofautisha. *Kahaba* si kisawe cha lolote kati ya majina hayo.

Tahadhari. Jina moja lisitumiwe kwa mambo mawili yanayotenganishwa na ridhaa. Filamu ya watu wazima hutengenezwa kwa makubaliano ya wanaoonekana ndani yake. Video ya faragha iliyotawanywa na mtu mwingine haina makubaliano hayo, na aliyemo si mwigizaji bali ni mwathiriwa. Vyombo vya habari hupenda kusema *video iliyovuja*. Lakini *vuja* ni kitenzi kisichohitaji mtenda: maji huvuja yenyewe. Kwa hiyo aliyeisambaza hutoweka katika sentensi, na lawama humwangukia anayeonekana. *Iliyosambazwa bila ridhaa* humrudisha mtenda mahali pake.

Mifano.
- *Waigizaji wawili walichanga mtaji wakatengeneza filamu huru ya watu wazima yenye hadithi kamili.*
- *Mshtakiwa alisambaza video ya faragha ya mlalamikaji bila ridhaa yake.* (Si: *Filamu ya ngono ya mlalamikaji ilivuja.*)

Taz. pia: faragha, ridhaa, tasfida.