DENI LA ASKARI ALIYEUMIA

Kwa jina la Mwenyezi Mungu, Mwingi wa rehema. Katika kitabu hiki cha ukumbusho wengine wameandika habari za misikiti, madrasa na masheikh waliotutangulia. Sisi twapenda kutaja watu ambao habari zao hazisomwi mara nyingi: askari waliorudi vitani wakiwa na kilema, na malipo yao yakachelewa hata wengine wakafa kabla ya kuyaona. Jambo hili latuhusu sana sisi wa Mbarara na ndugu zetu wa Nakivale, kwa sababu historia ya Uislamu katika Uganda haiwezi kutengwa na historia ya askari.

Mwaka 1891 Kapteni Lugard alipita Ankole akielekea magharibi. Huko Kavalli, karibu na ziwa Albert, aliwakuta askari wa Kisudani walioachwa na Emin Pasha, chini ya mkubwa wao Selim Bey. Akawachukua pamoja na jamaa zao. Hao ndio asili ya Wanubi wa Uganda, Waislamu wenzetu. Mwaka 1895 wakatiwa katika jeshi la Uganda Rifles, na mwaka 1902 jeshi hilo likaunganishwa na mengine kuwa King's African Rifles, ambalo wazee wetu waliliita Keya. Mwaka 1897 baadhi yao waliasi. Uasi ule ulimwaga damu nyingi, nasi hatuusifu. Walakini sababu zake zataka kukumbukwa: mshahara ulikuwa mdogo, nao ulichelewa, na safari hazikwisha.

Askari mzee wa Keya alipoondoka jeshini, mara nyingi hakupewa pensheni. Kule Nairobi Wanubi waliruhusiwa kukaa Kibera, mahali palipotengwa mwaka 1918, eka 4,197, iwe kama badala ya malipo. Lakini hawakupewa hati. Ardhi ikapungua mwaka hata mwaka, na hati ya jamii ikapatikana mwaka 2017 tu, kwa eka 288. Tazameni, ndugu: aliyestahili alikuwa babu, na aliyepokea ni mjukuu, tena kipande kidogo cha kile kilichotajwa.

Katika vita ya 1914 hata 1918 walioumia si askari wenye bunduki tu. Majeshi ya Wabelgiji yalipojitayarisha kuingia Rwanda mwaka 1916, maelfu ya watu wa Uganda walitiwa katika kazi ya upagazi kuwachukulia vyakula na risasi. Wengi walikufa kwa maradhi na baridi kuliko kwa risasi. Mitaa ya Kariakoo, Dar es Salaam, na Kariokor, Nairobi, imebeba jina la jeshi lile la wapagazi mpaka leo, lakini mishahara ya wengi waliokufa haikuwafikia warithi wao.

Ikaja vita ya pili. Waganda kama 77,000 walitumika. Wengi walipelekwa Burma katika Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, wakapigana katika bonde la Kabaw wakati wa mvua kubwa mwaka 1944. Vita ilipokwisha, kila mtu alipewa kiinua mgongo kwa hesabu ya miezi aliyotumika, lakini hesabu haikuwa moja. Mwaka 2019 zilitangazwa karatasi za serikali ya Kiingereza zilizoonyesha kwamba askari mweupe aliweza kupewa karibu mara tatu ya Mwafrika wa cheo kile kile. Mwaka uliotangulia, 2018, Uingereza ilitoa pauni milioni 12 kuwasaidia wazee waliotumika katika majeshi yake ya zamani, pamoja na wajane wao, wapate chakula mara mbili kwa siku. Tunashukuru kwa kila mzee aliyeshiba. Hata hivyo, chakula ni sadaka, na deni ni kitu kingine.

Kwamba deni la zamani laweza kulipwa, Wafaransa wametuonyesha, ijapokuwa kwa kuchelewa. Sheria yao ya 1959 iliwafungia askari wa makoloni pensheni zao, zile za uzee na za kilema, zisipande tena, hali za wenzao Wafaransa zikaendelea kupanda. Sajini mmoja wa Senegal, Diop, alipeleka mashtaka. Tarehe 30 Novemba 2001 baraza lao kuu la hukumu za serikali likasema kwamba huo ni ubaguzi. Diop mwenyewe alikuwa amekwisha kufa. Toka mwaka 2007 pensheni za vita zikasawazishwa, na mwaka 2010 Baraza la Katiba likaondoa masalio ya ubaguzi ule.

Sasa turudi kwetu. Mbarara ni mji wa askari. Ulishambuliwa Septemba 1972, ukatekwa Februari 1979 katika vita ya kumwondoa Idi Amin. Wengi waliotumika katika majeshi ya zamani wamekaa miaka mingi wakidai kiinua mgongo. Kati ya 1992 na 1995 askari zaidi ya 36,000 waliachishwa kazi kwa utaratibu na kupewa msaada wa kuanzia maisha. Kwa wengine utaratibu haukuwapo.

Na Nakivale je? Makao yale, yaliyotambuliwa rasmi mwaka 1960 kwa ajili ya wakimbizi wa Rwanda, leo yana Wakongo, Wasomali, Warundi na wengineo. Aliyewahi kuwa askari katika nchi yake, akaweka silaha chini na kukimbia, ana taabu ya pekee. Pensheni hudaiwa mbele ya serikali ile ile aliyoikimbia. Na kwa Msomali, serikali aliyoitumikia ilianguka mwaka 1991: ni nani atakayemfungulia daftari? Jeraha limevuka mpaka pamoja naye, haki yake imebaki nyuma.

Dini yetu haikuliacha jambo hili gizani. Sayyidna Umar ibn al-Khattab, radhi za Mungu ziwe juu yake, alianzisha diwani, yaani daftari la majina ya wapiganaji na jamaa zao na fungu la kila mmoja. Alijua kwamba haki isiyoandikwa hupotea. Kadhalika wanazuoni wa sheria wamekadiria diya ya kiungo: mkono mmoja ni nusu ya diya nzima, na jicho moja vivyo hivyo. Sheria hiyo ni ya dhuluma na ajali, si ya pensheni. Lakini yatufunza kwamba kiungo cha mtu kina thamani inayojulikana, wala hakiachwi kwa huruma ya mlipaji. Tena deni la maiti hutolewa kabla ya urithi kugawanywa. Kufa kwa mdai nako hakumfungui mdaiwa. Haki huwapitia warithi.

Basi yatupasa nini? Kwanza, tuwaandike wazee wetu wangali hai: jina, nambari ya jeshi, kikosi, mwaka wa kuingia na wa kutoka, na jeraha lilipopatikana. Jina lililoandikwa kwa namna mbili katika karatasi mbili limemnyima mtu mali yake mara nyingi. Pili, karatasi ya kuachishwa na barua ya daktari zisitupwe mzee anapofariki, bali zihifadhiwe pamoja na hati za mirathi. Tatu, vijana waliosoma wawaandikie wazee barua za madai bila ujira, na wawaonye wasitoe fedha kwa mtu anayeahidi kuharakisha malipo. Nne, mgeni wa Nakivale mwenye kilema asiulizwe kwanza alipigana upande gani, bali aulizwe amekula nini.

Malipo ya nyuma hayarudishi mguu. Lakini humwambia mtu kwamba aliyoyapoteza yalihesabiwa. Mwenyezi Mungu awarehemu waliokufa wakidai, awape subira wanaongoja, na atujaalie sisi kuwa mashahidi wa kweli. Amin.