Kusikia Pamoja na Kuwa na Nia Moja

Mbiu ya mgambo ikilia, kuna jambo. Methali hii yajulikana na wote, ila ni wachache wanaoifikiri sana. Mbiu ni pembe tu, wala mlio wake hauna maneno. Lakini watu waliotawanyika mashambani huisikia kwa wakati mmoja, wakaweka chini majembe, kila mtu akiwaza lile analowaza mwenziwe. Hivyo tangu kale watu wametafuta njia ya kuzipatanisha fikara za wengi kwa sauti. Leo twataka kueleza jinsi jambo hilo lilivyojaribiwa nchini mwetu kwa chombo kikubwa kuliko pembe, yaani redio, ambayo wazee wetu waliiita simu ya upepo.

Sisi wa Sokon I tuna sababu ya kuijua habari hii, kwa kuwa chanzo chake kimoja ni hapa hapa mjini Arusha. Tarehe 26 hata 29 Januari 1967 Halmashauri Kuu ya TANU ilikutana Arusha, ikapitisha Azimio lililotangazwa tarehe 5 Februari. Azimio lilifundisha kwamba msingi wa maendeleo si fedha, bali ni watu na kazi yao. Lakini katika hesabu ya mwaka ule watu wa Tanzania walikuwa zaidi ya milioni 12, na wengi hawakujua kusoma. Basi watu wengi hivyo wangewezaje kulishauriana jambo moja?

Jibu lilipatikana katika mfano wa wakulima wa Kanada. Tangu 1941 hata 1965 wakulima wale walikuwa wakikutana majirani kwa majirani, wakasikiliza redio, kisha wakajadili waliyoyasikia na kuyatenda. Mwaka 1956 jambo hilo lilijaribiwa Bara Hindi pia, karibu na mji wa Poona. Kwetu Taasisi ya Elimu ya Watu Wazima iliufuata utaratibu huo: 1970 katika vipindi vya Uchaguzi ni Wako, 1971 katika Wakati wa Furaha, na 1973 katika kampeni kubwa kuliko zote zilizotangulia, iitwayo Mtu ni Afya.

Kazi yenyewe ilikwenda hivi. Waongozaji wa vikundi wapatao 75,000 walifundishwa kwanza. Kisha, kwa majuma 12, watu walikaa katika vikundi vidogo kuizunguka redio. Kipindi kilipokwisha, mwenye kujua kusoma aliwasomea wenziwe kitabu cha kampeni. Habari zilikuwa za malaria, safura, kichocho, kuhara na kifua kikuu. Baada ya hapo yalifuata maswali: Je, ugonjwa huu uko kwetu? Sababu yake ni nini? Tufanye nini? Ndipo walipopatana kazi: kufyeka majani, kufukia madimbwi, kuchimba vyoo. Walitarajiwa watu 1,000,000. Wakaja yapata 2,000,000.

Wasomaji watauliza, Je, nguvu hiyo ilitoka wapi? Sauti ilikuwa na sehemu yake. Mkulima wa mtelemko wa Meru alijua kwamba saa ile ile mvuvi wa pwani ameketi na jirani zake akisikia swali lile lile, naye akatiwa moyo. Lakini redio haikuchimba choo hata kimoja. Vyoo vilichimbwa kwa sababu redio ilinyamaza, na watu wakapewa nafasi ya kusema. Ni kweli kwamba mafundisho yalikuwa yameandikwa tayari mjini, na wenye kuhudhuria hawakuyachagua wenyewe. Hata hivyo waliyapima kwa mambo ya kijiji chao kabla ya kushika jembe.

Ubora wa jambo hili waonekana zaidi tukitazama yaliyofuata. Mwezi wa Novemba, mwaka ule ule wa 1973, ilitolewa amri kwamba watu wote wa mashamba wahamie vijijini. Habari ilienea nchi nzima kwa sauti moja kama ile ya kwanza, lakini haikungoja jibu. Wengi walihama; wengine walihamishwa kwa nguvu, na mahali pengine nyumba zilibomolewa au kuchomwa moto. Yamkini baadhi ya watu waliohamishwa ndio wale wale waliokuwa wameketi kuizunguka redio miezi michache nyuma. Masikio yalikuwa yale yale. Lililopungua ni shauri.

Kwa hiyo twaona kwamba kuna tofauti kati ya watu wenye kauli moja na watu wenye nia moja. Kauli moja yaweza kupatikana kwa chombo chenye sauti kubwa. Nia moja haipatikani ila kwa mazungumzo, na mazungumzo yana taabu yake: hukawia, tena huleta mabishano.

Siku hizi vyombo vya sauti ni vingi kuliko 1973, na watu wengi huvisikiliza peke yao, kila mtu na simu yake. Basi, ndugu wasomaji, na tusiulize tu kama sauti inayotujia ni tamu au ni ya kweli. Tuulize pia kama imetuachia nafasi ya kuijibu. Na kama haikutuachia, tukae na jirani zetu tuifanye nafasi hiyo wenyewe.