Shujaa Aliyerudi Barazani



Vitabu vingi vya enzi za mashujaa husifu vita. Leo tutazame kimoja kilichotoka Kivu yetu. Mwaka 1956 mzee Candi Rureke, Mnyanga wa Walikale, aliimba habari za Mwindo kwa siku 12. Daniel Biebuyck na Kahombo Mateene walizitoa katika kitabu mwaka 1969.

Mwami Shemwindo hakutaka mtoto wa kiume. Mwindo alipozaliwa, baba alimfungia ndani ya ngoma, akaamuru atupwe mtoni. Mtoto akapona, akafika kwa shangazi yake Iyangura. Kisha akarudi na vita. Kijiji cha Tubondo kikateketea, baba akatoroka chini ya ardhi.

Angalieni sasa. Mwindo alimfuata baba yake, akamrudisha akiwa hai. Waliokufa wakafufuliwa, baraza likaitishwa. Shemwindo akakiri kosa lake mbele ya wote, na nchi ikagawanywa kati ya baba na mwana.

Hata Mwindo hakuwa juu ya sheria. Alipoua joka, rafiki wa Radi, aliteswa mbinguni mwaka mzima. Aliporudi aliwaagiza watu: limeni, msigombane, msimcheke mlemavu.

Sisi hatuwezi kufufua wafu wetu, lakini baraza tunaweza kuliitisha. Viongozi, anayekiri kosa asikilizwe. Wazazi, mnapowahadithia watoto habari za mashujaa, msikomee kwenye mapigano. Wafikisheni barazani.